Kifungua Mimba Aliyekataa Shamba

Mattis anafika shambani asubuhi, na kazi aliyopewa hata mtoto angeiweza: kupunguza miche ya tanipu, zile mboga za mizizi za nchi za baridi. Unashika tuta lako, unang'oa miche iliyosongamana, unaacha mmoja mmoja wenye nafasi, unasogea mbele. Matuta ya jirani yameshikwa na kijana na binti wanaopendana. Wanafanya kazi huku wakitaniana, na bado wanamwacha nyuma. Mwenye shamba naye anazidi kusonga. Mattis amebaki katikati ya tuta, kwa sababu kichwani mwake limeingia wazo, na wazo likishaingia vidole havimsikii tena.

Ana miaka 37. Kijiji kizima kinamjua kwa jina la dhihaka, la mtu ambaye akili hazijatimia.

Kipande hicho kimo kwenye *Fuglane*, yaani *Ndege*, riwaya ya Tarjei Vesaas wa Norwei iliyotoka mwaka 1957. Niliisoma usiku, nikaimaliza, nikadhani nimeachana nayo. Wiki zikapita, na kila nikishika jembe tuta lile la tanipu linanirudia.

Kilichonikera hasa ni mwandishi wake. Mtu aliyezaliwa ili arithi shamba, akalikataa, kisha akaketi mezani na kuandika kwa undani namna hii aibu ya mwanamume anayeshindwa na kazi ya shamba. Alikuwa anatafuta nini pale?

## Jibu lilikuwa tayari

Alizaliwa tarehe 20 Agosti 1897 huko Vinje, mkoa wa Telemark, kwenye mashamba ya milimani ambako majira ya kulima ni mafupi na theluji haina haraka ya kuondoka. Jina la ukoo wake ndilo jina la shamba lao, Vesås. Wanorwei wa vijijini ndivyo walivyokuwa: mtu huitwa kwa ardhi anayokaa, na zamani ukihamia shamba jingine hata jina lingeweza kubadilika.

Alikuwa wa kwanza kati ya wana watatu. Huko kuna haki iitwayo odel, ya tangu enzi za kale, na Katiba yao ya 1814 ikaandika kwamba haitafutwa. Enzi hizo mtoto wa kiume wa kwanza ndiye aliyekuwa na haki ya kwanza ya shamba, na likiuzwa nje ya ukoo, wenye haki hiyo wanaweza kulikomboa. Mabinti walisubiri hadi sheria ya 1974 ndipo wakahesabiwa sawa na kaka zao. Katika nchi ambayo kama asilimia 3 tu ya ardhi yake ndiyo inayolimwa, sheria kama hiyo ina uzito wake.

Kwa hiyo swali la Tarjei atakuwa nani lilikuwa na jibu kabla hajaanza kutambaa.

Akakataa.

Hakukataa kwa kishindo. Mwaka 1917 alikwenda Voss kusoma kwenye shule ya wananchi, aina ya shule ambayo Tanzania tunaijua kwa jina la Chuo cha Maendeleo ya Wananchi. (Vyetu vilianzishwa mwaka 1975 kwa msaada wa Sweden, kwa kufuata mfano huohuo wa Skandinavia. Watu wengi wanaopita mbele ya mageti yake hawajui hilo.) Akatumikia jeshi. Mwaka 1923 kikatoka kitabu chake cha kwanza, na miaka iliyofuata akaanza kuzunguka Ulaya, akitoka kijijini na kurudi, kutoka na kurudi. Kufikia hapo ilikuwa wazi kwa kila mtu kwamba Vesås haitapata mkulima kutoka kwake.

Habari za namna hii tumezizoea kwenye maisha ya wasanii. Kijana ana kipaji, ukoo una shamba, kijana anachagua kipaji, sisi tunapiga makofi.

Mimi makofi yananigomea. Ni mziwanda. Kwetu Kilimanjaro, kwa desturi, kifungua mimba hukatiwa kihamba, yaani shamba la ukoo, kiwe chake, na mziwanda hubaki na nyumba ya baba pamoja na migomba inayoizunguka. Kaka yangu alikatiwa cha kwake, akashukuru, akapanda basi la Dar. Kihamba chake nakipalilia mimi. Kwa hiyo nikisoma kwamba fulani aliiacha ardhi ili afuate wito wake, swali langu huwa moja: jioni ile nani alikamua ng'ombe?

Vesaas alikuwa na wadogo zake wawili wa kiume. Kwenye maelezo mengi ya maisha yake wanatajwa kwa idadi tu, basi.

## Mwaka 1934

Hapa ndipo habari yenyewe inapogoma kwenda nilikotaka iende.

Waliokataa shamba kwa kawaida huondoka. Wanakwenda mjini, wanaandika kuhusu kijiji kwa machozi wakiwa ghorofa ya nne. Vesaas alikuwa ameiona Ulaya na angeweza kukaa popote. Mwaka 1934 alimwoa mshairi Halldis Moren, wakahamia Midtbø, shamba jingine hukohuko Vinje, si mbali na Vesås. Akaishi hapo hadi alipofariki tarehe 15 Machi 1970. Yaani alilikataa shamba la baba yake, halafu akakaa jirani nalo maisha yake yote, akikutana na watu walewale waliokuwa wanajua kwamba yeye ndiye yule aliyekataa.

Mwaka huohuo wa 1934 ikatoka *Det store spelet*, riwaya ambayo Wanorwei wengi wanaihesabu kuwa ndiyo iliyomsimamisha kama mwandishi. Inamhusu Per, mtoto wa shamba liitwalo Bufast. Baba yake anamwambia, kama hakimu anayesoma hukumu, kwamba atabaki Bufast siku zote za maisha yake. Mtoto anaichukia hukumu ile. Kitabu kizima ni mvutano wake na samadi, na ng'ombe wanaozaliwa na wanaochinjwa, na watu wazima wanaochakaa kwa kazi, mpaka polepole ardhi inamchukua naye anakubali kuchukuliwa.

Per anakubali kile ambacho mwandishi alikataa.

Nilipogundua hilo niliinuka nikatembea kidogo nje. Je, ile ni toba? Mtu anamwambia baba yake: mwana uliyemtaka nimeshindwa kuwa yeye, basi nimekutungia? Au ni ujanja wa aliyeepuka mzigo kisha akausifu mzigo? Maana ni rahisi kuusifu utumwa wa jembe ukiwa umeshika kalamu. Nimezisoma hotuba nyingi za kumtukuza mkulima, na waliozisoma jukwaani wote walikuwa na viatu safi.

Nina wasiwasi pia na usomaji huu wangu. Riwaya si barua ya kukiri, na mwandishi si mshtakiwa. Kumfukuzia mtu kupitia wahusika wake ni tabia ya umbea tu iliyovaa miwani. Lakini Vesaas mwenyewe aliacha mlango wazi kidogo: aliwahi kusema kwamba Mattis, yule wa tanipu, ni picha yake mwenyewe, ila kwa masharti fulani. Na kitabu chake cha mwisho kutoka akiwa hai, *Båten om kvelden* cha 1968, kinafunguka na mtoto akiwa msituni na baba yake asiye mwongeaji, wanatengeneza njia kwenye theluji nzito kwa msaada wa farasi, na farasi anaumia. Mzee wa miaka 70 na ushee, bado yuko kwenye theluji na baba yake.

Toba au ujanja, jambo lenyewe hakuachana nalo.

## Kilichozikwa ardhini

Tarehe 9 Aprili 1940 Wajerumani waliivamia Norwei. Mwaka huo Vesaas alitoa *Kimen*, kuhusu kisiwa chenye utulivu ambako mgeni mwenye akili iliyovurugika anamuua binti, na wanakijiji, watu wema, wakulima, wanamwinda kwa pamoja hadi wanamuua. Kisha wanabaki ghalani wakitazamana. Sijasoma kitabu kingine kinachosema kwa ufupi hivyo kwamba wema wa kijiji unaweza kugeuka kuwa kundi la wauaji kati ya adhuhuri na jioni. Nani kati yetu hajawahi kusikia kelele za mwizi zikianza na kujua zitakavyoisha?

Wakati wa vita akaandika riwaya nyingine, *Huset i mørkret*, kuhusu nchi iliyokaliwa, kwa mfano wa nyumba kubwa yenye giza. Kukutwa na mswada kama huo kungemponza. Ukatiwa kwenye sanduku la zinki na kufukiwa ardhini mpaka vita vikaisha. Kitabu kilitoka mwaka 1945.

Wadogo zake wangecheka, nadhani. Hatimaye naye kapanda kitu.

## Nani anafuma sweta

Turudi kwa Mattis, maana ndiko nilikokaa muda mrefu zaidi.

Kitabu hakianzi na Mattis kushindwa kazi. Mapema kabisa tunamwona akitazama kichwa cha dada yake Hege, akaona mvi. Hege ana miaka 40. Wanaishi wawili kwenye kibanda kando ya ziwa, na Hege ndiye anayewalisha wote wawili kwa kufuma sweta. Anafuma asubuhi, anafuma jioni. Sweta moja ikiisha anaanza nyingine.

Halafu anatokea ndege. Ni ndege wa msituni mwenye mdomo mrefu, ambaye majira ya kuchipua dume lake huruka njia moja kila jioni. Jioni moja njia yake inapita juu kabisa ya paa lao. Kwa Mattis hilo ni tukio kubwa kuliko yote yaliyowahi kumfika. Anakimbia ndani kumwambia dada yake. Hege amechoka. Anamjibu kama unavyomjibu mtoto anayekuamsha usiku kukueleza ndoto: sawa, nimesikia, kalale.

Wasomaji karibu wote husimama upande wa Mattis hapo. Yeye ndiye mwenye macho ya kuona. Anakwenda kwenye tope la bwawani, anakuta alama ambazo ndege ameacha kwa miguu na mdomo, anazisoma kama barua, na anamjibu kwa kuchora na kijiti. Sijui picha bora zaidi ya mshairi. Kijiji kinacheka, naye anaandikiana barua na ndege.

Lakini mimi nilimtazama Hege, na nikaona kwamba mwandishi naye alikuwa anamtazama. Hakumfanya Hege kuwa mama wa kambo wa ngano. Uchovu wake umeandikwa kwa heshima ileile iliyoandikiwa furaha ya Mattis. Tunaona jinsi anavyomeza maneno makali. Tunaona siku anapolia, akiwa ameukalia ujana wake wote kwenye kiti cha kufumia, na Mattis anayeweza kusoma tope la bwawani hawezi kuusoma uso huo.

Ni Hege anayempa wazo la kuwa mvushaji: achukue mashua yao ya makasia, akae ziwani, awavushe watu. Hakuna mtu wa kuvushwa, na mashua inavuja. Anampa kazi isiyokuwepo ili naye aondoke nyumbani asubuhi kama wanaume wengine. Kisha siku moja anapatikana abiria wa kweli, wa kwanza na wa mwisho. Ni Jørgen, mkata miti. Mattis anamleta hadi mlangoni kwa mikono yake mwenyewe. Na Hege anampenda.

Sitasimulia mwisho. Niseme tu kwamba kuanzia pale kila mtu kwenye kitabu yuko sahihi, na ndiyo maana kinaumiza. Hege ana haki ya kupendwa. Jørgen ni mtu mwema, mvumilivu hata. Mattis ana haki ya kuogopa, kwa sababu anajua kwamba maisha yake yote yametundikwa kwenye sindano za kufumia za mtu mwingine.

Hapo ndipo nilipolegeza fundo langu na Vesaas kidogo. Aliyekataa shamba alijua gharama inakwenda kwa nani. Hakuificha. Aliipa jina, akaipa mvi, akaiweka kwenye kurasa za mwanzo.

## Halldis

Kidogo tu, nimesema.

Kwa sababu Midtbø nako kulikuwa na mtu. Halldis Moren alizaliwa Trysil mwaka 1907, binti wa mwandishi Sven Moren, na alipoolewa hakuwa mke wa mshairi, alikuwa mshairi. Kitabu chake cha kwanza kilikuwa kimetoka mwaka 1929, na kilipendwa. Aliendelea kuchapisha mashairi katika miaka ya 1930 na 1940. Alitafsiri tamthilia, alihudumu kwenye kamati za utamaduni, alilea watoto wawili. Mwaka 1955 kikatoka kitabu cha mashairi. Kitabu cha mashairi kilichofuata ni *Livshus*, mwaka 1995, mwaka aliofariki.

Miaka 40 katikati.

Ningependa kupiga kelele hapa, ila Halldis mwenyewe ananizuia. Baada ya kifo cha mumewe aliandika vitabu viwili vya kumbukumbu za maisha yao Midtbø, navyo si vitabu vya mtu aliyedhulumiwa. Vina nyumba yenye wageni, kazi, ukimya wa mwanamume ambaye alikuwa mgumu wa maneno kama baba yake, na upendo ambao ni vigumu kuuhoji ukiwa mbali. Labda alichagua. Labda miaka ile 40 ilikuwa imejaa vitu ambavyo mimi, ninayehesabu vitabu, sivioni. Watu huniuliza pia kama najuta kubaki kihambani, na swali lao huwa limeshajibiwa kwenye nyuso zao kabla sijafungua mdomo.

Hata hivyo nafasi ile ya 1955 hadi 1995 siwezi kuipita bila kuitazama.

## Alichoacha

Kitabu cha Vesaas kinachosomwa sana nje ni *Is-slottet* cha 1963: wasichana wawili wa miaka 11, Siss na Unn, na maporomoko ya maji yaliyoganda yakawa kasri la barafu. Unn anaingia humo na hatoki. Kwa kitabu hicho alipata zawadi ya fasihi ya Baraza la Nordiki mwaka 1964. Nobeli alipendekezwa mara nyingi, hakuipata. Mwaka 2023 aliipata Jon Fosse, anayeandika kwa Kinorwei kilekile cha vijijini, nynorsk, ambacho leo hutumiwa na karibu mtu mmoja kati ya kumi, na Fosse hajawahi kuficha deni lake kwa Vesaas.

Lakini mimi navutiwa na fedha. Ile zawadi ya 1964 alichukua fedha zake akaanzisha mfuko wa kuwatuza waandishi wanaotoa kitabu chao cha kwanza. Zawadi hiyo bado inatolewa kila mwaka na chama cha waandishi wa Norwei, kwa jina lake. Mtu aliyenyimwa uchaguzi kwa sababu ya kuzaliwa wa kwanza aliamua urithi wake uende kwa watu wasio ndugu zake, wasiomjua, ambao sifa yao pekee ni kwamba wameandika.

Odel haina kifungu cha jambo kama hilo.

## Kaka anampendelea Jørgen

Nilimtumia kaka yangu nakala ya *Fuglane* kwa Kiingereza. Nakiri nilikuwa na ajenda. Nilitaka akutane na Hege, ajisikie vibaya kidogo, hata kwa jioni moja.

Alikisoma, hilo namshukuru. Akanijibu kwa ujumbe wa sauti wa dakika nne, nyuma yake kondakta wa daladala akiita Mbagala. "Bwana mdogo," akaanza, "hicho kitabu umenitumia unisute, nimekuelewa. Ila umekisoma vibaya." Kwake yeye mtu wa kitabu kile ni Jørgen. Amekata miti mchana kutwa, anatafuta pa kulala, anakuta familia yenye vidonda vya miaka mingi, na ghafla kila mtu anamtaka awe dawa au awe sumu. "Mgeni anayekuja na kazi yake, anatoa fedha yake ya chakula. Kosa lake ni nini? Wewe na Mattis wako mnamtazama kama jambazi." Akaongeza kwamba Hege ndiye aliyemfundisha Mattis kutojiweza, kwa kumfumia sweta miaka yote.

Nimemsikiliza mara mbili. Sikubaliani naye, hasa hilo la mwisho, na nimemwandikia hivyo. Amesema Desemba akija tutabishana vizuri, na kwamba mwaka huu atapalilia upande wake mwenyewe. Mama amecheka aliposikia. Amesema tumwekee jembe jepesi.